Mama hatoki chumbani tangu ahamie nyumba mpya: je, ni ukaidi au ni nyumba?

Swali: "Mama yetu ana umri wa miaka 73. Tangu aolewe aliishi Miembeni, Unguja, katika nyumba ya kawaida ya Ng'ambo yenye baraza mbele na uwani nyuma. Baba alifariki miaka minne iliyopita, na baada ya eda mama aliendelea vizuri. Kila alasiri ungemkuta barazani na wenziwe. Mwaka jana sisi watoto wake tulichanga fedha tukamjengea nyumba upande wa Tunguu, ambako mimi na familia yangu tunaishi naye. Ina vyumba vitano, sebule kubwa, bustani, ukuta wa mita 3 na geti la chuma, na chumba chake kina choo ndani. Tangu ahamie hatoki. Anashinda chumbani, televisheni imewashwa hata kama haitazami, na mpaka leo hajui jina la jirani hata mmoja. Watoto wangu nao kila mmoja yuko chumbani kwake, na sebule tunaitumia siku za Sikukuu tu. Kaka yangu anasema mama anatukomoa kwa sababu hakutaka kuhama. Fundi ametushauri tujenge kibanda cha makuti katikati ya bustani ili apate pa kupumzikia. Tuna fedha kidogo. Tujenge kibanda, au tumrudishe Miembeni?"

Jibu:

Dada yangu, hongereni kwa kumjengea mama yenu, na pole kwa kuona jambo mlilolifanya kwa mapenzi likileta majonzi. Nimeirudia barua yako mara kadhaa, na kila mara nimesimama pale uliposema kwamba televisheni imewashwa hata kama bi mkubwa haitazami. Mtu asiyetazama televisheni, lakini hataki izimwe, mara nyingi anatafuta sauti za watu. Kwa zaidi ya nusu ya umri wake aliamka akiusikia mtaa kupitia dirishani, kuanzia muuza mkate hadi watoto wanaokwenda chuoni kusoma Kurani na majirani wanaoitana uwani, na sasa analala na kuamka katika nyumba ambayo sauti pekee ya nje ni geti linapofunguliwa.

Nikielewa vyema, linalokusumbua ni hili: mtu yuleyule, mwenye tabia ileile, alikuwa mchangamfu katika nyumba ya kizamani isiyo na starehe nyingi, kisha akanyamaza katika nyumba iliyo bora kwa kila kipimo mnachokijua. Je, nyumba inaweza kumfanyia mtu hivyo? Nimesanifu majengo kwa miaka mingi, na muda mrefu zaidi nimeutumia kukaa pembeni na kuangalia watu wanavyoyatumia baada ya fundi kuondoka. Jibu langu ni kwamba inaweza, tena kuliko wengi wetu tunavyodhani, ingawa si kwa kila jambo. Ushahidi umo katika barua yako mwenyewe. Wajukuu nao wamejifungia, na wao hawana kinyongo chochote cha kuhama wala hawamkomoi mtu. Bibi na wajukuu wakifanya jambo lilelile chini ya paa moja, ni haki kuikagua nyumba kwanza kabla ya kuzikagua nyoyo zao. Kaka yako anampenda mama yake, sina shaka, lakini neno "kukomoa" naomba mliweke kando angalau mpaka mtakapomaliza kusoma jibu hili.

Tuanze na alichokuwa nacho Miembeni, kwa sababu naona mmekihesabu pungufu. Chukua alasiri moja tu. Watu wamekwisha kuswali, jua limevuka paa, na kivuli cha nyumba kimelala juu ya baraza. Bi mkubwa anatoka na ungo wa mchele, anakaa, mgongo wake uko ukutani na mlango uko hatua moja kutoka alipo. Hajamwalika mtu. Anapita mtoto aliyetumwa dukani, anamwamkia. Anapita jirani na kapu lake, anasimama, wanajuliana hali, kapu linawekwa chini, na baada ya muda jirani naye amekaa. Wa tatu akipita anawakuta wawili, anaongezeka. Maongezi yakimchosha, bi mkubwa anainua ungo wake, anasema anakwenda kuutia mchele maji, na anaingia ndani bila ya kumkosea mtu adabu.

Katika tukio hilo dogo kuna mambo ambayo msanifu anaweza kuyahesabu. Kukutana hakukugharimu chochote, kwa kuwa watu walikuwa wanapita kwa shughuli zao. Alikuwa na sababu ya kuwepo pale, yaani mchele, hivyo hakuna aliyemwona kama mtu mpweke anayesubiri kusalimiwa. Alikuwa na njia ya kuondoka. Na zaidi ya yote, alikuwa kwake na mtaani kwa wakati mmoja: baraza ni sehemu ya nyumba, lakini mpita njia anaruhusiwa kukaa bila ya kubisha hodi. Nafasi ya namna hiyo, isiyo ya ndani kabisa wala ya nje kabisa, ndiyo inayomwezesha mtu kupima ni kiasi gani cha watu anachokitaka siku hiyo. Nyumba yenu ya Tunguu, kama nilivyoielewa, haina nafasi hiyo. Mtu yuko ndani ya ukuta au yuko barabarani, na katikati pana karatasi moja tu ya chuma.

Wewe umetaja baraza, na uwani umeutaja kwa neno moja. Mimi nashuku kwamba uwani ndio uliomwacha mkono zaidi. Katika nyumba za Ng'ambo, baraza ya mbele inaonekana na kila mtu na ndiyo inayosifiwa, lakini maisha ya wanawake kwa sehemu kubwa yalipita nyuma, mahali pa kupikia, kufulia, kukuna nazi na kuanika, na kutoka hapo mlango mdogo uliingia kichochoroni au moja kwa moja kwenye uwani wa jirani. Mwanamke aliweza kuvuka akiwa na kanga zake mbili, akaazima kinu, akasikia habari ya mgonjwa, akarudi kabla sufuria haijachemka. Sasa fikiria safari hiyohiyo kutoka chumbani kwake Tunguu. Inabidi avae baibui, apite korido, sebule na bustani, aombe geti lifunguliwe, kisha asimame kwenye barabara asiyomjua mtu, akabishe kwenye geti jingine la chuma na ajieleze yeye ni nani na anataka nini. Kwa umri wake na malezi yake, hilo haliwezi kufanywa kwa ajili ya chumvi. Litafanywa kwa msiba au harusi tu. Kwa hiyo yale maongezi madogo ya kila siku, ambayo ndiyo yanayozaa ujirani, hayana pa kuanzia.

Jambo hili limepimwa pia mahali pengine, mbali na kwetu. Mwaka 1950 Leon Festinger, Stanley Schachter na Kurt Back walichapisha utafiti juu ya wanafunzi wenye ndoa waliokuwa wakiishi katika nyumba za Westgate za chuo cha MIT, Marekani. Wakazi hao kwa kawaida hawakujichagulia majirani. Walipoulizwa marafiki zao ni akina nani, majirani wa mlango kwa mlango walitajwa kwa asilimia 41, ilhali wale wa ncha mbili za ujia uleule wa ghorofa moja walitajwa kwa asilimia 10. Kutoka ncha hadi ncha hapakufika mita 30. Aliyepangiwa nyumba chini ya ngazi alipata marafiki wa ghorofa ya juu kuliko wenzake, kwa sababu tu watu wa juu walipita mlangoni pake kila siku. Hapakuwa na tofauti ya tabia wala ya malezi. Palikuwa na tofauti ya njia. Mama yenu kule Miembeni aliishi chini ya ngazi, na ninyi mmemhamishia ncha ya mwisho ya ujia, ukaongezwa na geti.

Najua hapa utaniambia kwamba ukuta ni sitara, na kwamba mama mwenyewe ni mtu wa heshima asiyetaka kuonwaonwa. Nakubaliana nawe kuhusu heshima, lakini sitara na ukuta mrefu si kitu kimoja. Watu wa pwani walijenga sitara kwa karne nyingi kwa mbinu za werevu mkubwa. Katika nyumba za mawe za Lamu, mgeni hufikia kwanza daka, kibaraza kilichoingia ndani ya uso wa nyumba, na kutoka hapo njia inapinda, ili mlango ukiwa wazi jicho la mpita njia ligote ukutani badala ya kufika uwandani. Kisha misana, yaani kumbi ndefu nyembamba, inafuatana, kila mmoja ukiwa wa ndani zaidi ya uliotangulia, mpaka ndani kwenyewe. Kila mtu alijua cheo chake kinamfikisha wapi. Nyumba hiyo ilikuwa na faragha kuliko yenu, na bado ilikuwa na mahali pa kumkaribisha mtu usiyetaka aingie ndani. Ukuta wa mita 3 na geti la karatasi ya chuma unawazuia watu wote kwa kiwango kimoja, mwizi na jirani mwenye bakuli la futari. Usalama ni jambo la kweli na sitawaambia muubomoe, ila nitawaonyesha hapa chini namna ya kupata vyote viwili.

Sasa ushauri wa fundi. Kibanda cha makuti katikati ya bustani kitawafaa siku ya hitima au mkiwa na wageni wengi, lakini kwa tatizo hili siwashauri mkitolee fedha. William Whyte alitumia miaka ya 1970 kupiga picha za filamu katika viwanja vidogo vya New York ili kujua kwa nini vingine vinajaa na vingine viko tupu, na alichokiona ni kwamba kinachowavuta watu kuliko vyote ni watu wengine. Jan Gehl, msanifu wa Denmark, ameonyesha kwamba watu wakitaka kukaa hushika kando kwanza, kwenye kuta, vizingiti na nguzo, na katikati hujaa mwisho au hakujai kabisa. Hata wewe ukiingia mkahawani penye nafasi, utatafuta kiti chenye ukuta mgongoni. Kibanda cha katikati hakina ukuta nyuma, hakipitiwi na mtu, na kiko mbali na jiko na choo, jambo ambalo kwa mtu wa miaka 73 lina uzito kuliko mandhari. Mimi mwenyewe nilipokuwa kijana katika kazi niliwahi kuchora kibanda cha mapumziko katikati ya kiwanja cha jengo moja la umma, kizuri kwa macho, na niliporudi baada ya miezi michache niliwakuta watu wote wamekaa kwenye ngazi za mlangoni, wamebanana, kibanda kikiwa tupu hatua thelathini kutoka hapo. Ngazi zilikuwa na watu wanaopita, ukuta wa kuegemea na habari za aliyeingia na aliyetoka. Sikusahau somo hilo.

Kuhusu wajukuu na sebule, tatizo ni la ukoo mmoja na hili, ila dawa yake ni rahisi zaidi. Katika nyumba ya Miembeni, ukumbi ulikuwa njia. Huwezi kutoka chumbani kwenda uwani, kuoga au kutoka nje bila ya kuupitia, kwa hiyo aliyekaa ukumbini aliwaona wote mara kumi kwa siku. Bill Hillier na wenzake wa chuo kikuu cha UCL, London, walijenga taaluma nzima juu ya jambo hili: namna vyumba na njia zinavyounganishwa inaeleza kwa sehemu kubwa ni wapi watu watapita, na pale wanapopita wengi ndipo wanapokutana. Ukitaka kuliona kwa macho yako, nenda Jaws Corner pale Mji Mkongwe jioni yoyote. Hapana bustani wala viti vya kifahari, lakini vichochoro kadhaa vinakutania hapo, na kahawa na dhumna vimefuata miguu ya watu. Katika nyumba nyingi za kisasa, na nadhani yenu ni mojawapo, vyumba vimepangwa kwenye korido, na sebule imewekwa pembeni karibu na mlango wa mbele kwa ajili ya mgeni. Hakuna anayeipitia, kwa hiyo hakuna anayekaa.

Pamoja na hilo, tazama makochi yenu. Nakisia yamepangwa kuizunguka sebule, migongo ukutani, na katikati pana zulia na meza ya kioo. Edward Hall, aliyechunguza umbali ambao watu huuweka kati yao, alikadiria kwamba mazungumzo ya kawaida yasiyo ya siri hufanyika kati ya mita 1.2 na 3.6. Katika sebule ya mita 6, watu wawili wanaotazamana kutoka kuta mbili wamepita kipimo hicho, na kwa mtu ambaye masikio yameanza kuchoka, mazungumzo hayo ni kazi. Katika miaka ya 1950, kwenye hospitali ya Saskatchewan nchini Kanada, Robert Sommer alikuta wodi ya wanawake wazee ambamo viti vilipangwa kwenye safu kando ya kuta, na wagonjwa walikaa kimya kutwa. Alivitoa ukutani akavizungushia meza ndogo. Mabadiliko hayo hayakupendwa mara moja, lakini baada ya wiki chache mazungumzo yalikaribia kuongezeka maradufu. Wagonjwa walikuwa walewale.

Kabla sijafika kwenye hatua za kuchukua, lazima niwe mkweli kuhusu mipaka ya haya ninayoyasema. Jengo halimwamrishi mtu. Mwaka 1966 Maurice Broady aliwaonya wasanifu wa Uingereza dhidi ya imani kwamba ukichora vizuri watu watakuwa wema, na onyo lake bado ni sahihi. Tunao mfano wetu nyumbani. Maghorofa ya Michenzani yalijengwa kwa msaada wa Ujerumani Mashariki baada ya Mapinduzi, majengo marefu yaliyonyooka, yakiwapandisha juu watu waliokuwa na baraza na uwani chini. Hakuna aliyewachorea baraza, lakini leo ukipita chini ya majengo hayo jioni utawakuta watu wamekaa, wanauza, wanacheza, wanazungumza. Watu walizishusha baraza zao wenyewe kwa ngazi. Kwa hiyo nyumba hurahisisha jambo au hulifanya liwe gumu, na mwenye nguvu na marafiki anaweza kuushinda ugumu huo. Mzee wa miaka 73, katika mtaa mgeni, peke yake, ana nguvu kidogo za kuushinda, na ndiyo maana kwake yeye mpangilio wa nyumba una uzito zaidi kuliko kwako wewe unayetoka kila asubuhi kwenda kazini.

Nini kifanyike? Msitoe fedha kwanza. Kwa wiki mbili au tatu fanyeni yasiyogharimu. Kazi ambazo bi mkubwa anaziweza na kuzipenda, kama kuchagua mchele, kusuka ukili au kuchambua mboga, zitoke jikoni zije mahali ambapo watu wa nyumbani wanapita, karibu na mlango mnaoutumia kweli, ambao katika nyumba nyingi ni mlango wa jikoni. Mwekeeni hapo kiti cha mikono, chenye mgongo ukutani, ili aweze kujiinua mwenyewe. Makochi ya sebuleni yavuteni yatoke ukutani, mawili au matatu yatazamane kwa pembe, yasiachane zaidi ya mita 2. Soketi ya kuchajia simu za wajukuu iwe hapohapo alipo bibi. Ni jambo dogo, lakini nimeona likifanya kazi kuliko makaripio. Na kila alasiri, baada ya swala, fungueni geti. Toeni benchi, liwekeni nje upande wenye kivuli, wewe au mjukuu mkubwa mkae naye nusu saa, na mmwamkie kila anayepita. Wiki ya kwanza huenda asipite mtu wa kusimama. Hesabuni ni wangapi wamepita na ni saa ngapi, kwa sababu hesabu hiyo ndiyo itakayoamua kama kuna haja ya kujenga.

Mkiona kwamba watu wapo na bi mkubwa anaanza kutoka kabla hajaitwa, hapo fedha yenu itumieni kwenye daka la getini. Sehemu ya ukuta yenye urefu wa mita 3 au 4 kando ya geti irudishwe ndani kwa mita 1.5 hadi 2, ukuta wenyewe ubaki na kimo kilekile, na mbele ya sehemu iliyorudi ijengwe baraza ya kukalia, juu yake kipenu. Pembeni ya baraza, kwenye ukuta huohuo, uwepo mlango mwembamba wa grili wa kuingilia ndani. Mwizi bado anakutana na ukuta wa mita 3 na mlango wa chuma, lakini mama ana mahali palipo kwenye kiwanja chake mwenyewe, mgongo ukutani, na njia ya kuondokea iko mkononi mwake. Baraza ya kienyeji huwa chini kidogo kwa magoti ya mzee. Ifanyeni sentimita 45, yenye kina cha kati ya 50 na 60, na kama kuna kidato kisizidi sentimita 15, kiwe na chuma cha kushikilia. Angalieni jua: kama ukuta wenu wa mbele unatazama magharibi, alasiri nzima baraza itakuwa ya moto, na bila ya kipenu kirefu au mti mtakuwa mmejenga kitu kisichokalika saa ileile inayohitajika.

Angalieni na barabara. Donald Appleyard alipolinganisha mitaa mitatu ya San Francisco mwishoni mwa miaka ya 1960, wakazi wa mtaa uliopitwa na magari yapata 2,000 kwa siku walikuwa na marafiki watatu kwa wastani katika mtaa wao, na wale wa mtaa wa magari 16,000 hawakufikisha hata mmoja. Kama geti lenu liko kwenye barabara kubwa ya daladala na malori, daka la mbele halitafaa, na ni bora fedha iende nyuma.

Nyuma, yaani uwani, ndiko ninakokupa matumaini zaidi. Mtafute jirani anayepakana nanyi mwenye mama au bibi nyumbani. Nenda wewe na mama yako mkajitambulishe, mkiwa na sahani ya kitu mkononi kama desturi yetu ilivyo. Uhusiano ukikaa vizuri baada ya miezi kadhaa, pendekezeni mlango mdogo kwenye ukuta wa pamoja, wenye komeo pande zote mbili, ili kila upande uwe na hiari ya kufunga. Makubaliano yaandikwe na sheha ajue, kwa sababu viwanja hurithiwa na kuuzwa, na mlango uliofunguliwa kwa upendo unaweza kuwa mgogoro kwa watoto. Gharama yake ni ndogo kuliko kibanda, na utamrudishia ile safari ya kanga mbili.

Kumrudisha Miembeni ni chaguo la heshima, na msilichukue kama kushindwa. Lakini liangalieni kwa uwazi: je, nyumba bado ni yenu, wale wenziwe wa barazani bado wapo, na usiku nani atakuwa naye? Rika lake nalo linahama na kufariki, na inawezekana baraza anayoikumbuka haipo tena kama alivyoiacha. Njia ambayo nimeiona ikifanya kazi katika familia kadhaa ni kumgawia wiki, siku mbili au tatu kwa ndugu aliye mjini na zilizobaki Tunguu, huku ujirani mpya ukijengeka taratibu. Katika barua yako yote sikuona mahali ambapo mama mwenyewe ameulizwa. Muulize, tena usimuulize "unataka nini?", kwa sababu atakujibu hataki kitu. Muombe akusimulie siku moja ya Miembeni tangu alfajiri hadi isha: nani alipita, alikaa wapi, alikwenda kwa nani na kwa mlango upi. Chora kwenye karatasi anapokuwa anasimulia. Ramani hiyo ni bora kuliko mchoro wowote ninaoweza kukuchorea nikiwa huku.

Yapo mambo mawili ambayo maandishi haya hayawezi kuyabeba. La kwanza ni afya yake. Kujifungia kunaweza kutokana na nyumba, na kunaweza vilevile kutokana na sonona, masikio, macho, maumivu ya magoti, mkojo unaomlazimisha kuwa karibu na choo, au mwanzo wa maradhi ya kusahau. Kama amepungua kula au kulala, amekonda, analia, anasahau majina ya watoto, anapotea njia ndani ya nyumba, ameanguka, au ameacha hata vile alivyokuwa akivipenda peke yake kama kusoma Kurani, mpelekeni kwa daktari wiki hii, na msisubiri kuona kama baraza itamponya. Hata kama hana dalili hizo, kupimwa masikio na macho ni jambo la kufanya mapema, kwa sababu asiyesikia vizuri hukwepa watu kwa aibu, na hakuna mpangilio wa viti utakaoziba pengo hilo.

La pili ni ukuta. Msimruhusu fundi akate ukuta wa uzio au wa nyumba kwa makisio. Mtu mwenye ujuzi afike aone msingi, nguzo na mkanda wa zege viko wapi, aseme linta, yaani boriti ya juu ya mlango, ikae vipi na ukuta ushikizwe namna gani wakati wa kukata, na mjue mipaka ya kiwanja na hifadhi ya barabara inaishia wapi kabla ya tofali la kwanza kutolewa. Kama mtaniandikia tena, nileteeni picha ya geti kutoka nje na nyingine kutoka ndani, mchoro wa vyumba hata wa mkono, upande jua linakochwea, na ile hesabu ya wapita njia ya wiki mbili.